Mwalimu, nione nini?

Maneno haya niliyasema Jumamosi asubuhi hapa Mwanza, mbele ya wachezaji vijana na walimu wa mpira wanaoanza kozi ya leseni ya awali. Nimeyaandika karibu kama yalivyotoka mdomoni, kuanzia salamu ya Kisukuma.

Mwangaluka!

Wa nyuma sijawasikia. Mwangaluka! Haya, asanteni.

Wazee wangu mlioketi hapa mbele, shikamooni. Walimu wenzangu, dada zetu mnaocheza na mnaotaka kufundisha, na nyinyi wadogo zangu ambao bado mnatembea na daluga kwenye begi, habari za asubuhi. Nimeitwa nieleze safari ya mchezaji aliyegeuka mwalimu. Nimekubali kwa sababu lipo jambo moja lililonichukua miaka kulielewa, na sipendi nyinyi liwachukue miaka hiyohiyo.

Mwaka 2012 nilikabidhiwa kikosi cha vijana chini ya miaka 17. Uwanja wa vumbi, upande wa Nyakato, goli moja lina mwamba, lingine tumefunga kamba. Nilikuwa na sifa moja tu: nimecheza ligi misimu 11, namba tatu, yaani beki wa kushoto, na watu mtaani wananijua. Viongozi waliona hiyo inatosha. Mimi pia niliona inatosha.

Siku ya pili tu ya mazoezi, beki wangu wa kushoto akapitwa na winga mara tatu, tena kwa njia ileile, nje, kwenye chaki ya mstari wa pembeni. Mara ya tatu nikapiga filimbi nikamfokea: "Dogo! Acha kuukodolea macho mpira. Ona mchezo!" Akasimama, mikono kiunoni, jasho na vumbi vimeshikana usoni. Hakunijibu kwa jeuri. Aliniuliza kwa adabu kabisa:

"Mwalimu, nione nini?"

Nikanyamaza. Wale vijana wengine 20 wote wakanigeukia wanisikilize, maana walidhani sasa linakuja lile somo. Nikawaambia tunywe maji. Kiu hatukuwa nayo. Nilitaka dakika mbili za kutafuta jibu, na dakika mbili zikaisha, na jibu sikulipata. Misimu 11 nimewakaba mawinga wa nchi hii, wengine wenye majina makubwa, na mtoto wa miaka 16 ananiuliza nilikuwa naangalia nini, sijui nimwambie nini.

Hilo ndilo lililonileta hapa leo. Mchezaji anaujua mpira kwa miguu, kwa mgongo, kwa masikio. Mwalimu hana budi kuujua kwa macho na kuusema kwa mdomo. Hizo ni elimu mbili. Ya kwanza inasaidia ya pili, lakini haiizai. Mtu akitundika daluga leo, kesho anaanza darasa la kwanza, hata awe amecheza timu ya taifa.

Mimi nimezaliwa Kirumba. Mama alikuwa akiuza dagaa pale mwaloni, na mpaka leo nikipita pale alfajiri, boti zinashusha, ile harufu inanirudisha kwenye kanga yake. Chandimu, mpira wetu wa mtaani, tulichezea popote palipokuwa tambarare, na kwenye mji huu wa mawe tambarare si nyingi. Ukitaka kujua kwa nini watoto wa Mwanza wana miguu myepesi, angalia walikojifunzia: ukipiga mpira mrefu, unateremka kilima, na aliyepiga ndiye anayeufuata. Ulijifunza mwenyewe kupiga pasi fupi.

Mwaka 1990 nilikuwa na miaka 10. Mwaka ule Pamba, timu iliyobeba jina la zao lililosomesha nusu ya wazee waliomo humu ndani, ilitwaa ubingwa wa Tanzania. Mwaka huohuo, kwenye Kombe la Washindi Afrika, iliifunga Anse Boileau ya Shelisheli jumla ya mabao 17 kwa 1. Kiingilio sikuwa nacho. Tulikuwa tunasimama kwenye lango la uwanja wa CCM Kirumba, ukimwona mtu mzima mwenye sura ya upole unamwomba, "Baba, nishike mkono," unaingia kama mwanawe. Nimekuwa mtoto wa watu wengi sana kwa mtindo huo, na Mungu awabariki wote.

Nawatajia Pamba kwa sababu mjue hapa ziwani mpira haukuja jana. Khalfan Ngassa aliichezea Pamba. Mwanawe Mrisho, mzaliwa wa mji huu, akaja kuifungia Taifa Stars mabao mengi. Kisha Pamba ikaporomoka, ikakaa nje ya Ligi Kuu zaidi ya miaka 20, ikarudi mwaka 2024 kwa jina la Pamba Jiji. Zaidi ya miaka 20! Kuna kizazi kizima cha vijana wa Mwanza kilichokua bila kuiona jezi ile kwenye Ligi Kuu. Toto Africans, Mbao, Alliance wote walipanda kwa nyakati zao wakashuka. Mbao mwaka 2017 waliifunga Yanga pale Kirumba wakafika fainali ya Kombe la Shirikisho, wakafungwa na Simba 2 kwa 1 kule Dodoma baada ya dakika za nyongeza. Uwezo tunao. Kinachotukatikia ni kamba ya kuushusha kutoka kwa waliocheza kwenda kwa wanaokua. Na kamba hiyo ni walimu.

Kucheza kwangu sitakueleza kwa kirefu, maana nyote mnajua kunavyokuwa. Kambi, basi la usiku, uwanja wa ugenini unakozomewa tangu unashuka garini. Nimesafiri Bukoba kucheza Kaitaba tukiwa tumelala melini, asubuhi tunashuka miguu bado inayumba. Nimecheza vizuri, nimecheza vibaya. Kipo kisa kimoja tu cha miaka ile nitakachowapa, kwa ajili ya wadogo zangu. Msimu wangu wa tatu nilisaini mkataba nikiwa nimesimama, karatasi iko juu ya boneti ya gari, kiongozi ananipa kalamu huku injini inaunguruma. Sikusoma. Nakala sikupewa. Ada ya usajili nililipwa nusu, mshahara ulikuja miezi minne, ukakatika. Nilipokwenda kudai niliulizwa, "Mkataba wako uko wapi?" Basi. Nyumbani hatuna hata karatasi moja. Nawaomba kwa moyo wote: soma, au mtafute anayejua kusoma mikataba akusomee, na usiondoke bila nakala. TFF, shirikisho la mpira la nchi yetu, ina kamati ya hadhi za wachezaji, inasikiliza mashauri, lakini haiwezi kusikiliza karatasi ambayo huna.

Goti langu la kushoto lilikatika kano mwaka 2010. Hakuna aliyenigusa. Nilikuwa narudi nyuma, nikageuka, mguu ukabaki, mwili ukaenda. Nilisikia sauti kama kijiti kikavu kinavunjwa. Wanaojua wanaijua. Nilijaribu kurudi mara mbili, na mwaka 2011 daktari akaniambia wazi kwamba nikiendelea nitatembelea mkongojo kabla ya miaka 50.

Mwaka uliofuata sitaki kuupamba. Mchezaji wa mpira amezoea kuamshwa, kuambiwa ale saa ngapi, alale saa ngapi, avae nini. Siku moja hakuna anayemwamsha. Simu zinapungua. Watu wanakuita "mchezaji wa zamani" na wewe una miaka 31. Nilikuwa nakwenda pale Kamanga, nakaa kuangalia kivuko kinakwenda na kurudi, nikijiambia napumzisha goti. Nilikuwa napumzisha aibu. Kama yumo humu kijana aliyeumia na yuko kwenye hali hiyo, aje tuzungumze baada ya hapa, mimi na yeye tu.

Ndipo nikapewa wale vijana wa Nyakato. Na ndipo nikaulizwa lile swali.

Usiku ule nilikaa kwenye meza ya mama. Nilichukua vizibo vya soda 22, kumi na moja nikavigeuza uso chini, kiberiti kikawa goli. Mama akaja akaniangalia, akadhani nimeanza kucheza bao. Nikamwambia, "Mama, natafuta nilichokuwa nafanya." Hakucheka. Akasogeza taa karibu.

Nikaweka kizibo cha winga, namba saba, pembeni. Nikaweka changu mbele yake. Nikafumba macho nikajirudisha uwanjani, siyo mechi kubwa, mechi yoyote. Mpira unatoka kwa kiungo wao unakwenda kwa winga. Mimi nafanya nini? Nikagundua kwamba mpira unapokuwa njiani, mimi nakuwa nakimbia. Ukifika kwenye mguu wake, nimeshapunguza mwendo, nimeshasimama, hatua mbili kutoka kwake. Yule kijana alikuwa anafanya kinyume: mpira ukiwa njiani anautazama, ukifika ndipo anaanza kukimbia, na mtu anayekuja mbio ndiye rahisi kuliko wote kumpita.

Hilo la kwanza. Nikaliandika kwenye daftari.

La pili: nimesimamaje? Nilinyanyuka mezani nikasimama katikati ya sebule, nikiwa na umri wangu, nikakaa mkao wa kukaba. Mguu wa kulia mbele, wa kushoto nyuma, magoti yamelegea, kifua kimeelekea mstari wa pembeni. Maana yake mlango wa ndani nimeufunga, nimemwachia wa nje, na nje kuna chaki, na chaki ni beki asiyechoka. Akitaka kupita huko, nimeshageuka nusu, tunakimbia naye sambamba. Yule kijana alisimama miguu sambamba, kifua wazi, kama mtu anayepigwa picha. Kabla hajageuka, mwenzake yuko kwenye kibendera.

La tatu ndilo lililonichukua mpaka usiku wa manane: macho. Nilikuwa naangalia nini? Mpira? Hapana, winga mzuri anauchezesha mpira ili uutazame. Miguu? Miguu inaongopa, ndiyo kazi yake. Macho yake? Wapo wanaotazama kushoto wakaenda kulia. Nikafikiri, nikafikiri, mwisho nikasimama tena nikajifanya ndiye winga, nikacheza chenga mwenyewe gizani pale sebuleni, goti linauma. Nikaona. Miguu yangu inaweza kwenda popote, mabega yanaweza kudanganya, lakini siwezi kwenda kokote mpaka kiuno kigeuke. Kiuno hakidanganyi. Misimu 11 nilikuwa naangalia kiuno cha mtu, na sikuwahi kujua.

La nne lilikuja asubuhi yake nikiwa natembea: kabla mpira haujaja upande wangu, nilikuwa nageuza shingo kuangalia nyuma ya bega. Namba nne wangu yuko wapi, na namba mbili wao anapanda au amebaki. Nikishajua hayo mawili, nimeshaamua nimpeleke winga wapi kabla hajapewa mpira.

Siku iliyofuata nikamchukua yule dogo pembeni. Sikumfokea. Nikamwambia: "Jana uliniuliza uone nini. Ona kiuno." Nikamweka mbele ya winga, nikamwambia winga acheze chenga bila mpira. Bila mpira kabisa, na yeye atazame kiuno tu. Wenzake walicheka dakika ya kwanza. Dakika ya tano hawakucheka, kwa sababu alikuwa hapitwi. Kisha tukaongeza mpira. Kisha tukaongeza mbio. Wiki ya tatu nilimwona kwenye mechi, mpira uko upande wa pili kabisa wa uwanja, na yeye anageuza shingo kuangalia nyuma ya bega lake. Hakuna aliyempigia makofi kwa hilo. Uwanja mzima ulikuwa unaangalia mpira. Mimi nilikaa chini kwenye nyasi, machozi yananitoka, na siwaonei haya kuwaambia.

Walimu wenzangu, ile ilikuwa furaha ambayo bao halijawahi kunipa.

Sasa wapo wanaosema: mchezaji mkubwa hawezi kuwa kocha mzuri. Hilo nalikataa. Hapa kwetu mifano ipo. Abdallah Kibadeni aliifunga Yanga mabao matatu peke yake siku ile ya Julai 1977, Simba iliposhinda 6 kwa 0, na mwaka 1993 yeye ndiye aliyekuwa kwenye benchi Simba ilipofika fainali ya Kombe la CAF, shirikisho la mpira la Afrika. Baadaye akaja huku kwetu ziwani kuifundisha Kagera Sugar. James Siang'a, kipa wa zamani wa Harambee Stars, timu ya taifa ya Kenya, alikuwa kocha wa Simba mwaka 2003 walipoivua ubingwa Zamalek kwa penalti kule Cairo. Kwenye kikosi kile alikuwemo Selemani Matola, na leo Matola mwenyewe ni mwalimu. Ona mnyororo huo: kipa anakuwa mwalimu wa kiungo, kiungo anakuwa mwalimu wa wengine.

Fred Felix Minziro, beki wa zamani wa Yanga, aliichukua Geita Gold hapo ng'ambo ya maji, msimu wa 2021/22 ikamaliza nafasi ya nne na kupata tiketi ya kucheza Afrika. Msimu wa 2024/25 akaja kuifundisha Pamba Jiji.

Na yupo mmoja ambaye mimi kwa sababu ya goti langu nina mapenzi naye ya pekee. Emmanuel Amunike. Alifunga mabao yote mawili Nigeria ilipoifunga Zambia 2 kwa 1 kwenye fainali ya Mataifa ya Afrika mwaka 1994. Akawa mchezaji bora wa Afrika. Mwaka 1996 akafunga bao la ushindi dhidi ya Argentina kwenye fainali ya Olimpiki. Akaenda Barcelona, na huko magoti yakamwangusha, miaka yake mizuri ikaishia kwa madaktari. Mtu huyo angeweza kukaa Lagos akisimulia mabao yake mpaka uzee. Akarudi darasani. Mwaka 2015 akawafundisha vijana wa Nigeria wakachukua Kombe la Dunia la chini ya miaka 17 kule Chile. Na tarehe 24 Machi 2019, Taifa Stars yetu iliifunga Uganda 3 kwa 0 pale Dar es Salaam, tukaenda Mataifa ya Afrika baada ya miaka 39, tangu Lagos 1980. Kocha ni yeye. Siku ile nilimtazama zaidi yeye kuliko waliokuwa wanacheza. Nilikuwa naangalia magoti yake anavyoruka.

Hawa wote walijifunza upya. Na kujifunza upya kuna karatasi zake, msizidharau. Ngazi za leseni za CAF zinaanzia D, ambayo nyinyi mnaianza leo, zinapanda C, B, A, na juu kabisa Pro. Kwenye mashindano ya klabu ya CAF, huwi kocha mkuu bila leseni A au ya juu yake. Septemba 2022 Simba ilibaki bila kocha mkuu, mechi za Ligi ya Mabingwa ziko mlangoni. Aliyefuatwa ni Juma Mgunda, mchezaji wa zamani wa Coastal Union ya Tanga ambaye alikuwa anaifundisha hiyohiyo Coastal. Leseni inayotakiwa alikuwa nayo. Akaivusha Simba mbele ya Nyasa Big Bullets ya Malawi na Primeiro de Agosto ya Angola mpaka hatua ya makundi. Kuna watu wangapi nchi hii walioujua mpira siku ile, ambao hata wangepigiwa simu, wasingeweza kukaa kwenye lile benchi?

Kwa hiyo mdogo wangu mwenye miaka 27, 28, unayecheza sasa: usisubiri goti likatike. Anza D ukiwa bado unacheza. Nunua daftari. Kila jioni baada ya mazoezi andika mwalimu wako amefanya nini, dakika ngapi, na kwa nini unadhani alifanya. Mimi nililala na kuamka na walimu wazuri misimu 11 na sikuandika mstari mmoja. Mmoja wao, mzee wangu, sasa ni marehemu, alikuwa na zoezi la mabeki wanne na kamba moja ndefu, tunaishika wote, ukivuta mmoja wanasogea wote. Lilikuwa zuri kuliko yote niliyowahi kufanya. Nimejaribu kulikumbuka mpangilio wake, sijaweza. Limekwenda naye kaburini kwa sababu ya uvivu wangu wa kalamu.

Hapa mkoani mna bahati ambayo mikoa mingine haina. Chuo cha Maendeleo ya Michezo kiko Malya, Kwimba, treni ya Tabora inapita hapo. Butimba kuna chuo cha ualimu, na uwanja wake umepokea michezo ya shule ya nchi nzima. Alliance, hapo Mahina, wamefungamanisha shule na mpira, wavulana na wasichana. Mtu anayesema Mwanza hakuna pa kujifunzia hajapanda hata daladala.

Niseme na wazee wangu na viongozi kwa heshima zote. Tunawapa watoto wetu wadogo mwalimu ambaye hatumlipi, kisha mwalimu wa timu kubwa tunamlipa na tunamfukuza baada ya mechi tatu. Yote mawili yanaumiza. Mimi nimefukuzwa mara moja, kwa ujumbe wa simu, saa nne usiku, baada ya sare mbili na kufungwa moja. Klabu siitaji na kinyongo sina. Lakini siku iliyofuata saa kumi na mbili asubuhi nilikwenda uwanjani kuwaaga vijana, nikakuta wameshapanga koni wenyewe, wananisubiri tuanze, kwa sababu hakuna aliyewaambia. Kumwambia mtoto wa miaka 15 kwamba mwalimu wake hayupo tena ni kazi ya mtu mzima. Wafanyieni hilo tu, mtakapomwondoa mtu.

Na walimu, sisi nasi tunalo letu. Siku ngumu kuliko zote kwenye kazi hii ni ile ya kumwambia mchezaji humchukui. Usimwache asome orodha ukutani. Mimi huwa nakaa naye chini, tumekaa wote wawili, siyo mimi nimesimama. Namwambia sababu moja ya kweli, moja tu, ambayo anaweza kuifanyia kazi. Mmoja aliniuliza, "Nimwambie nini baba? Ameuza mbuzi ninunuliwe viatu." Nilikwenda naye nyumbani kwao Magu, nikamweleza baba yake mwenyewe. Mzee alinisikiliza mpaka mwisho, akaniletea maziwa, akasema, "Mwalimu, umekuja mwenyewe. Hilo limetosha." Yule kijana alirudi mwaka uliofuata, akachukuliwa.

Nimezungumza vya kutosha, na jua linapanda.

Yule dogo aliyeniuliza nione nini hakufika Ligi Kuu. Alicheza daraja la kwanza misimu miwili, akaenda chuo cha ualimu, sasa anafundisha shule ya msingi na jioni ana watoto 40 na mipira mitatu. Jina lake limo kwenye orodha ya kozi hii. Yuko safu ya nne, karibu na dirisha, na sikumwambia kwamba nitamtaja. Simama, mwalimu, wakuone.

Saa kumi jioni tukutane uwanja wa Nyamagana, kila mtu na viatu vyake. Zoezi la kwanza ni mmoja kwa mmoja pembeni ya uwanja, bila mpira. Analiongoza yeye. Mimi nitashika filimbi.